Solomon Linda, Mtungaji wa Wimbo wa Simba

Wasomaji wa gazeti letu, bila shaka wengi wenu mmeusikia wimbo wa simba aliyelala msituni. Umeimbwa katika redio na katika sinema, na watoto wadogo huuimba bila kufundishwa. Lakini ukiuliza ni nani aliyeutunga, wengi hudhani ni wimbo wa Wazungu wa Marekani. Sivyo. Mtungaji wake alikuwa Mwafrika, Mzulu wa Natal, na jina lake Solomon Linda. Habari zake zafaa kujulikana, kwa kuwa ni habari za sifa kubwa na malipo madogo.

Linda alizaliwa mwaka wa 1909 katika wilaya ya Msinga, Afrika Kusini. Watu wa huko ni wafugaji, naye alipokuwa mtoto alichunga ng'ombe. Baadaye akaingia shule ya misheni ya Gordon Memorial, na huko akajifunza nyimbo za kanisa na kushindana katika kwaya. Yeye na rafiki zake walikuwa wakiimba arusini na katika karamu, wakichanganya nyimbo za Kizulu na mapigo mapya yaliyotoka Marekani.

Mwaka wa 1931 alikwenda Johannesburg kutafuta kazi, kama vijana wengi wa wakati ule. Alifanya kazi katika duka la samani, kisha katika Hoteli ya Carlton. Mchana alikuwa mtumishi tu, lakini usiku alikuwa bwana wa waimbaji. Kundi lake liliitwa Evening Birds, nao walikuwa wanaume sita, wote watu wa kwao. Walivaa suti za mistari, kofia nzuri na viatu vya kung'aa, hata watu wakawastaajabia kabla hawajafungua vinywa. Linda aliimba kwa sauti nyembamba ya juu kabisa, na chini yake aliweka waimbaji watatu wa sauti nene badala ya mmoja. Jambo hilo lilikuwa geni, nalo liliupa uimbaji wao nguvu nyingi.

Baadaye Linda alipata kazi ya kufunga santuri katika kiwanda cha Bwana Eric Gallo. Hapo ndipo alipoonekana na Bwana Griffith Motsieloa, Mwafrika aliyekuwa na kazi ya kutafuta waimbaji kwa ajili ya kampuni hiyo. Mwaka wa 1939 Evening Birds waliingia studio kuimba wimbo wao uitwao Mbube. Neno hilo kwa Kizulu ni simba. Maneno ya wimbo ni machache sana: sauti nene zinarudia kumwita simba, na sauti ya Linda inapaa juu yao. Waliimba mara ya kwanza, wakaimba mara ya pili. Mara ya tatu, karibu na mwisho, Linda akatoa sauti mpya ambayo hakuwa ameipanga. Sauti ile fupi ndiyo dunia nzima inayoijua leo.

Santuri ilipotoka, watu waliipenda mno. Katika miaka ya 1940 ziliuzwa kama 100,000. Vikundi vingi vikaanza kumwiga Linda, hata uimbaji wa namna ile wenyewe ukaitwa mbube. Lakini Linda alikuwa ameuza haki zote za wimbo kwa kampuni kwa shilingi 10 tu. Wimbo ulikuwa wake kwa sifa, na wa wengine kwa fedha.

Kisha wimbo ukavuka bahari. Santuri moja ilifika Marekani mikononi mwa Alan Lomax, aliyekuwa akikusanya nyimbo za mataifa, naye akampa mwimbaji Pete Seeger. Seeger aliisikiliza tena na tena ili aandike maneno yake. Kizulu hakukijua, kwa hiyo maneno uyimbube, yaani wewe ni simba, yeye aliyasikia wimoweh. Kundi lake la Weavers likaurekodi kwa jina hilo, na mwaka wa 1952 ukapendwa sana. Penye jina la mtungaji paliandikwa Paul Campbell, jina la kubuni, mtu asiyekuwako.

Mwaka wa 1961 vijana wa New York walioitwa Tokens waliuimba tena. George Weiss aliwatungia maneno mapya ya Kiingereza, na sauti ile ya Linda ya mara ya tatu ikafanywa kiini cha wimbo. Uliwekwa upande wa pili wa santuri, maana upande wa kwanza ndio uliotazamiwa kuuzwa. Lakini watu waliugeuza, na mwezi wa Desemba ukawa wa kwanza Marekani yote. Robert John aliuimba kwa upole mwaka wa 1972, ukafika nafasi ya tatu. Kundi la Tight Fit likaufikisha nafasi ya kwanza Uingereza mwaka wa 1982. Hata Miriam Makeba, aliyetuimbia Malaika kwa Kiswahili, aliimba Mbube.

Na Linda mwenyewe? Mwaka wa 1959 alianguka jukwaani akiimba. Alifariki mwaka wa 1962 kwa ugonjwa wa figo, mwaka haujapita tangu wimbo wake uwe wa kwanza Marekani. Mjane wake hakuwa na fedha za kununua jiwe la kaburi. Miaka 18 ilipita kabla jiwe hilo kuwekwa.

Mwaka wa 1994 wimbo ulitiwa katika filamu ya Disney, The Lion King. Mwaka wa 2000 mwandishi Rian Malan wa Afrika Kusini aliandika habari hizi zote, na watu wakaona haya. Mawakili wakagundua kwamba, kwa sheria ya zamani ya Waingereza, haki ya wimbo humrudia mrithi miaka 25 baada ya mtungaji kufa. Kesi ilifunguliwa mwaka wa 2004, na Februari 2006 pande mbili zikapatana. Binti za Linda wakalipwa, na jina la baba yao likakubaliwa kuwa la mtungaji.

Wahenga walisema, mali bila daftari hupotea bila habari. Linda hakukosa akili wala bidii. Alikosa karatasi ya kumlinda. Sisi tulio shuleni tunafundishwa kusoma ili tusitie sahihi tusiyoyaelewa, na ninyi mliotutangulia, mlio makarani, walimu na mawakili, mnaweza kuwasomea wasiojua. Kwetu pia wako waimbaji, na katika nyimbo zao nyingi hakuna jina lililoandikwa. Tuyaandike majina hayo wakati wenyewe wangali hai.