Imam Abu Hatim Ar-Razi na Safari Zake za Miguu

Imam Abu Hatim Muhammad bin Idris Ar-Razi, Mwenyezi Mungu amrehemu, alizaliwa mwaka 195 Hijriya (811) katika mji wa Rayy, karibu na Tehran ya leo. Wanavyuoni wamjua kuwa ni bingwa wa kupima wapokezi wa Hadithi: nani mkweli na nani dhaifu. Leo twapenda kueleza jinsi elimu hiyo ilivyopatikana.

Mwaka 213 aliuaga mji wao, naye ni kijana wa karibu miaka 20, asirejee mpaka mwaka 221. Alikuwa akihesabu farsakhi alizokwenda kwa miguu; zilipozidi 1,000, yaani zaidi ya kilomita 5,000, akaacha kuhesabu. Alitoka Misri kwa miguu mpaka Ramla, akafika Baitul Muqaddas, Damascus, Homs, hata Tarsus.

Asidhani msomaji kuwa alikuwa na mali. Mwaka 214, huko Basra, fedha zilimwishia, akauza nguo zake moja baada ya moja. Mchana alizunguka kwa masheikh. Jioni alirudi nyumbani, chakula chake ni maji. Siku ya tatu mwenzake alipompitia, mwili ulikuwa umemshinda. Hapo ndipo alipoieleza hali yake, na mwenzake, aliyekuwa na dinari moja tu, akamgawia nusu.

Mara nyingine alipanda chombo pamoja na wenzake wawili, mmoja wao mzee. Upepo ukawakabili miezi mitatu, chakula kikaisha, wakashuka kwenda kwa miguu bila ya maji. Siku ya tatu mzee alianguka akazimia. Mbele kidogo akaanguka Abu Hatim naye. Yule wa tatu akajikokota mpaka akaona jahazi, akapunga nguo. Mabaharia walipomnywesha, aliwaambia habari za wenzake, wakaenda wakawamwagia maji usoni, wakazindukana. Wakapewa masurufu, yakaisha tena, wakaendelea pwani kwa njaa hata wakamkuta kasa aliyetupwa na bahari. Wakamvunja gamba kwa jiwe, wakala kilichokuwamo kwa kuchota na makombe, wakafika mji wa Raya wakiwa hai.

Ndugu zetu, tuzingatie mambo mawili. Kwanza, nguvu za mtu huyu hazikuwa za mwili, kwani mwili ulimwangusha. Zilikuwa katika nia, na katika wenzake ambao hakuona haya kuwaeleza shida yake. Pili, alitaabika hivyo ili ajue neno limetoka kwa nani, na sisi twapokea kila tuambiwalo bila ya kuuliza, hali vitabu vi mbele yetu.

Mwaka 242, umri wake miaka 47, akiyajua yote yaliyompata, alitoka tena, akarejea mwaka 245. Alifariki mwaka 277 (890). Mwenyezi Mungu atupe sehemu ya subira yake. Amin.