Mchungaji aliyekataa kunyamaza

Jumapili hii nakualika tutafakari maisha ya mtumishi mmoja aliyetumia silaha moja tu: kusema alichokiona.

John Stanley Grauel alizaliwa mwaka 1917 huko Worcester, jimbo la Massachusetts, Marekani, akawa mchungaji wa Kimethodisti. Vita Kuu ya Pili ilipokwisha, dunia ilifahamu kwamba Wayahudi wapatao milioni sita walikuwa wameuawa na utawala wa Hitler. Wengi wa walionusurika walibaki kambini Ujerumani, hawana nyumba ya kurudia. Walitamani kwenda Palestina, lakini Uingereza, iliyoitawala nchi hiyo, iliruhusu wachache tu kuingia.

Grauel angeweza kuwaombea akiwa nyumbani kwake. Yeye alipanda nao meli. Julai 11, 1947, meli kuukuu iliondoka bandari ya Sète, Ufaransa, ikiwa na watu zaidi ya 4,500, wakiwamo watoto na wajawazito, ingawa ilijengwa kwa abiria mia chache. Iliitwa Exodus 1947, yaani Kutoka, kama kitabu cha pili cha Musa.

Alfajiri ya Julai 18, ikikaribia pwani ya Palestina, manowari za Uingereza ziliigonga na askari wakaivamia. Abiria hawakuwa na bunduki. Walirusha viazi na makopo ya chakula. Watu watatu walikufa na wengi walijeruhiwa. Huko Haifa wakahamishiwa meli nyingine tatu na kurudishwa Ufaransa. Walipokataa kushuka, walipelekwa Hamburg, katika nchi ileile walikotoka kuteseka.

Grauel alizuiliwa hotelini Haifa, akatoroshwa hadi Jerusalem. Huko ilikuwapo kamati ya Umoja wa Mataifa iliyochunguza suala la Palestina. Alisimama mbele yake akaeleza yote. Hakuwa Myahudi, na hakuwa akijitafutia makazi. Ndiyo maana ushahidi wake ulikuwa na uzito. Novemba 29 mwaka huohuo, Umoja wa Mataifa ulipiga kura ya kuigawa nchi hiyo.

Kura ile haikuleta amani. Waarabu wengi nao walipoteza makazi yao katika vita vya 1948, na machozi yao Mungu anayaona vilevile. Ushahidi wa kweli hauchagui kabila la anayelia.

Grauel alifariki mwaka 1986, akazikwa Jerusalem.

Mpendwa, Mithali 31:8 inatuagiza tuwasemee wasioweza kujisemea. Wewe umeona nini mwaka huu ukanyamaza? Mjane anayenyang'anywa shamba na shemeji zake, na wewe unajua mipaka ilipo? Binti wa kazi anayepigwa nyumba ya pili, na wewe unasikia kilio? Tunasema tutawaombea, na kuombea ni kwema. Lakini kuna siku Mungu anakuwa ameshajibu ombi hilo kwa kukuweka wewe mahali pa kuona.

Wiki hii nenda kwa mwenyekiti wa mtaa, au kwa mzee wa kanisa, ukaseme. Yule kuhani na yule Mlawi nao walimwona majeruhi njiani, wakapita kando.