Mwimbaji aliyeondolewa katika kwaya ya Papa

Kama umewahi kuimba kwaya unajua jinsi ugomvi wa sare au wa nani aanzishe wimbo unavyoweza kumfanya mtu asionekane tena kanisani. Leo nakualika umtazame Giovanni Pierluigi da Palestrina, aliyekuwa na sababu kubwa zaidi ya kususa.

Alizaliwa yapata mwaka 1525 katika mji wa Palestrina, karibu na Roma. Utotoni aliimba katika Basilika la Bikira Maria Mkuu, kisha akarudi nyumbani kupiga kinanda, na mwaka 1547 akamwoa Lucrezia Gori. Askofu wa mji wake alipokuwa Papa Julius III, alimwita Roma kuongoza waimbaji wa Basilika la Mtakatifu Petro. Januari 1555 akamwingiza katika kwaya ya Kikanisa cha Sistina, bila majaribio na bila kuwauliza waimbaji wenyewe. Upendeleo? Ndiyo, tuseme ukweli.

Haukudumu. Machi Julius alifariki. Marcellus II alitawala wiki tatu tu, kisha akaja Paulo IV, mtu mkali wa kanuni: mwenye mke hana nafasi katika kwaya ya Papa. Septemba mwaka huohuo Palestrina na wenzake wawili waliooa wakaondolewa, wakapewa malipo madogo ya kujikimu.

Ungefanya nini, msomaji? Yeye, kabla mwaka haujaisha, alikuwa akiongoza kwaya ya Basilika la Laterano. Hakuwa malaika, mwaka 1560 aliondoka huko kwa mvutano wa fedha za waimbaji. Lakini hakuacha kulitungia Kanisa. Misa aliyoiita kwa jina la yule Papa wa wiki tatu ilichapishwa mwaka 1567. Ina sauti sita bila ala, na bado maneno ya Utukufu na Nasadiki yanasikika wazi. Husimuliwa kwamba Misa hiyo iliokoa muziki wa sauti nyingi usipigwe marufuku na Mtaguso wa Trento. Wanahistoria hawaikubali hadithi hiyo, nami naona Misa yenyewe haiihitaji.

Mwaka 1571 alirudi kuongoza kwaya ya Mtakatifu Petro. Ndipo misiba ikamwandama: kati ya 1572 na 1580 alizika kaka, wana wawili, na Lucrezia, mke aliyepoteza kazi kwa ajili yake. Katika huzuni hiyo alianza safari ya upadre, akakatwa nywele kama ishara ya kuingia katika wakleri. Kisha, mwaka 1581, akaghairi na kumwoa Virginia Dormoli, mjane wa mfanyabiashara wa manyoya. Wengine hucheka hapo. Mimi nimeona wajane wengi, na sicheki.

Alifariki tarehe 2 Februari 1594, ameacha Misa zaidi ya 100. Mwimbaji aliyeondolewa kwa sababu ya ndoa alizikwa ndani ya Basilika la Mtakatifu Petro, na bamba la jeneza lake lilimtaja kuwa mkuu wa muziki. Ujenzi uliofuata ulilifunika kaburi, na hadi leo halijapatikana.