MAREHEMU ROBERT WANGILA, BINGWA WETU WA NDONDI

Huku kwetu Gatina, Kawangware, jioni ikifika sisi vijana hukusanyika nyuma ya nyumba za mabati kufanya mazoezi ya ndondi. Gunia letu tumelijaza vitambaa na vumbi la mbao, tukalining'iniza mtini. Glavu ni jozi mbili tu, kwa hivyo tunapokezana. Mama hapendi kabisa. Kila nikirudi na jicho limevimba ananitajia jina moja: Wangila. Ajabu ni kwamba mkufunzi wetu naye hulitaja jina lilo hilo akitaka kututia moyo. Nikajiuliza, huyu ni mtu gani ambaye jina lake ni dawa kwa mmoja na sumu kwa mwingine? Basi nikaanza kuuliza wazee na kusoma. Haya ndiyo niliyoyapata.

Robert Napunyi Wangila alizaliwa Nairobi tarehe 3 Septemba 1967. Jina lake lilivuma mwaka wa 1988 katika Michezo ya Olimpiki mjini Seoul, Korea Kusini. Alikuwa na umri wa miaka 21 tu. Alipigana katika uzani wa welta, akawapita wapinzani mmoja baada ya mwingine hadi fainali. Huko alikutana na Mfaransa, Laurent Boudouani. Huyu hakuwa mtu wa mchezo, kwani baadaye alikuja kuwa bingwa wa dunia. Lakini siku hiyo Wangila alimwangusha katika raundi ya pili, mambo yakaisha.

Mwaka huo Kenya ilipata dhahabu tano. Nne zililetwa na wanariadha: Paul Ereng, Peter Rono, John Ngugi na Julius Kariuki. Ya tano ililetwa kwa ngumi. Mpaka leo hakuna Mkenya mwingine aliyepata dhahabu ya Olimpiki katika ndondi. Kumbe mkufunzi wetu ana haki ya kujivunia!

Mwaka uliofuata, 1989, Wangila aliingia ndondi za kulipwa huko Marekani. Hapa, wasomaji, tuelewe tofauti. Kule Seoul bondia alipigana raundi tatu na alivaa kofia ya kukinga kichwa. Katika ndondi za kulipwa hakuna kofia, na pigano kubwa huweza kufika raundi 10 au 12. Kichwa ni kile kile lakini makonde ni mengi zaidi. Wangila alipanda ulingoni mara 27 akitafuta riziki. Alishinda mara 22 na kushindwa mara 5. Ubingwa wa dunia hakuupata.

Pigano lake la mwisho lilikuwa Las Vegas tarehe 22 Julai 1994, dhidi ya David Gonzalez. Wangila alipigwa sana. Katika raundi ya 9 refa, Joe Cortez, akaona yametosha, akasimamisha pigano. Wangila hakukubali. Alilalamika pale pale ulingoni, akiamini kwamba bado anaweza kuendelea. Akatoka kwa miguu yake mwenyewe. Alipofika chumba cha kubadilishia nguo akazirai. Akakimbizwa hospitali na kupasuliwa kichwa, lakini tarehe 24 Julai akaaga dunia. Alikuwa na miaka 26.

Mahali hapo ndipo nilipokwama kwa siku kadhaa. Nilikuwa nikidhani mtu aliyeumia vibaya lazima aanguke. Kumbe sivyo! Damu ikivuja ndani ya kichwa hujikusanya na kuubana ubongo polepole. Mtu anaweza kusimama, akazungumza, hata akakasirika, na huku anaelekea kufa. Ule ujasiri uliomfikisha Wangila kwenye dhahabu ndio uliomwambia kwamba bado ana nguvu. Kwa hivyo bondia hawezi kuwa hakimu wa kichwa chake mwenyewe.

Wahenga walinena, asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Sijaacha ndondi, nakiri. Ila nilimsimulia Mama habari hii yote tangu Seoul mpaka Las Vegas, naye akanyamaza kidogo, kisha akasema atakuja kumwona mkufunzi. Alikuja kweli, na leso yake begani. Wakakubaliana kwamba nikipigwa kichwani na kuona kizunguzungu, ni mwezi mzima bila glavu, hata nilie vipi. Na mkufunzi akisema basi, ni basi.

Mama bado halipendi lile gunia. Lakini sasa najua kwamba yeye na mkufunzi walikuwa wakinitajia mtu mmoja.

Mwenyezi Mungu ailaze roho ya marehemu mahali pema peponi.