Mchungaji Bruno Gutmann (1876–1966)

Katika kuadhimisha miaka mia moja ya usharika wetu, yafaa kumkumbuka pia mtumishi aliyefanya kazi mbali na Ziwa Nyasa, lakini ambaye maisha yake yana fundisho kwetu sisi wa Kyela.

Bruno Gutmann alizaliwa Dresden, Ujerumani, mwaka 1876. Mwaka 1902 Misheni ya Leipzig ilimtuma Kilimanjaro, akahudumu hasa Old Moshi. Mwaka 1920, baada ya Vita Kuu, alirudishwa kwao, kisha akarejea na kudumu hadi 1938.

Huko Wachagga waliwafunda vijana wa jando kwa wimbo, ngoma na neno kwa pamoja. Mwalimu alishika mregho, fimbo yenye alama zilizochongwa, na kila alama ilikuwa na somo lake la kuimbwa. Wamisionari wengi waliyaona hayo kuwa giza tupu. Gutmann aliketi na wazee, akayaandika, akayachapisha katika vitabu vitatu kati ya 1932 na 1938. Tena aliwaunganisha vijana wa kipaimara katika undugu, kwa mfano wa rika za mababu. Wapo waliomlaumu kwamba aliwazuia watu kuendelea. Alifariki Ujerumani mwaka 1966.

Vitabu vyake vimehifadhi maneno. Sauti na mwendo wa miguu vilikwenda na wazee. Nasi Wanyakyusa, ambao vijana wetu wa kale waliishi katika vijiji vya rika, tunao wazee wachache waliosalia. Kwaya zetu na ziketi nao wangali hai.