Kipaji cha mtoto si shamba lisilo na mwenyewe

Kila mwaka msimu wa tamasha za muziki za shule unapowadia, mimi huyakumbuka maisha ya mtu mmoja aliyezaliwa utumwani, asiyeona, akawatajirisha watu wengi na kufa bila ya kuishika mali aliyoichuma. Mtu huyo ni Thomas Wiggins, aliyevuma katika karne ya 19 kwa jina la Blind Tom. Katika miaka yangu ya kufundisha muziki niliwasimulia wanafunzi habari zake mara nyingi. Leo nawasimulia walimu wenzangu, kwani sisi ndio tunaostahili kuzisikia zaidi, na sababu nitaieleza kabla sijaweka kalamu chini.

Tom alizaliwa tarehe 25 Mei 1849 katika shamba la watumwa jimboni Georgia, kusini mwa Marekani. Wazazi wake, Charity na Mungo, walikuwa watumwa. Naye akazaliwa akiwa mali ya bwana wao, kama ndama azaliwavyo akiwa mali ya mwenye zizi. Kabla hajatimiza miaka miwili, familia hiyo iliuzwa. Mnunuzi alikuwa James Neil Bethune, wakili na mhariri wa gazeti katika mji wa Columbus. Inasimuliwa kwamba katika mauzo hayo kitoto kile hakikutiwa bei, maadam mtumwa asiyeona hangeweza kuchuma pamba. Kilitolewa bure, kama ile nyongeza apewayo mnunuzi sokoni. Msomaji naaliweke jambo hilo akilini: walioshindwa kumwona Tom kuwa mtu walishindwa pia kumwona kuwa bidhaa. Hayo ya pili walikuja kuyasahihisha upesi. Ya kwanza hawakuyasahihisha kamwe.

Kwa vile hakufaa kwa kazi za shambani, Tom aliachwa akitambaa na kutembea atakavyo katika nyumba ya bwana. Humo mlikuwa na piano iliyopigwa na mabinti wa Bethune. Mtoto alizoea kukaa kimya akisikiliza. Alipokuwa na umri wa miaka kama minne, aliketi mbele ya ala hiyo na kuzipiga nyimbo alizozisikia. Hakuwa amefunzwa na mtu. Sauti zote zilikuwa chakula chake: mlio wa ndege, ngurumo za garimoshi, mvua juu ya paa. Maneno ya watu wazima aliweza kuyakariri kama alivyoyasikia, lakini kuieleza haja yake mwenyewe kulimwia vigumu mno. Wengi wanaozichunguza habari zake leo hudhani kwamba alikuwa na usonji. Enzi zile hali hiyo haikuwa na jina la heshima, na watu walimwita punguani bila ya haya.

Bethune alipoona ajabu ile, hakumpeleka mtoto shule. Alimpeleka jukwaani. Mnamo mwaka 1857, akiwa na umri wa miaka minane, Tom alianza kupiga piano mbele ya watu waliolipa kiingilio. Muda si mrefu alikodishwa kwa mfanyabiashara wa maonyesho aitwaye Perry Oliver, kama vile mtu akodishavyo punda wa kubebea mizigo. Oliver alimzungusha mji hadi mji, mbali na mama yake, na kuna siku alizolazimika kutumbuiza hadi mara nne. Matangazo yaliyobandikwa ukutani yalimfananisha na wanyama, ili mtazamaji astaajabu zaidi kiumbe huyo atakapogusa piano. Katika maonyesho hayo mtu yeyote aliruhusiwa kupanda jukwaani na kupiga wimbo ambao Tom hajawahi kuusikia, naye Tom akatakiwa kuurudia papo hapo. Alitakiwa pia kupiga wimbo mmoja kwa mkono wa kulia, wa pili kwa mkono wa kushoto, huku akiimba wa tatu. Watu waliokuja kumtazama hawakuja kusikiliza muziki tu; walikuja kumtega, wamwone akikosea.

Mwaka 1860 alipelekwa Washington, akapiga piano mbele ya Rais James Buchanan. Hata miaka kumi na miwili hakuwa ameitimiza. Wanahistoria humtaja kuwa Mmarekani wa kwanza mwenye asili ya Afrika kualikwa kutumbuiza rasmi katika Ikulu ya nchi hiyo. Ni heshima gani hiyo, msomaji, ya mtoto kumwimbia mkuu wa nchi ambayo sheria zake zinamhesabu kuwa mali ya mtu mwingine? Mwaka uliofuata vita vya wenyewe kwa wenyewe vikazuka. Bethune alikuwa mtetezi shupavu wa majimbo ya kusini, na maonyesho ya Tom yalitumiwa kuchangisha fedha za kuisaidia kambi hiyo. Yaani vidole vya mtumwa vilifanywa kuwafadhili watu waliokuwa wakipigana ili utumwa wake usikome.

Vita vilikwisha mwaka 1865 na utumwa ukapigwa marufuku. Mtu angedhani kwamba masaibu ya Tom yalifikia kikomo. Wapi! Vita vilipokuwa vikielekea ukingoni, Bethune aliwafanya Charity na Mungo watie saini mkataba uliomfanya yeye kuwa mlezi wa kijana huyo, kwa ahadi ya makao na malipo madogo yasiyolingana hata kidogo na mapato ya maonyesho. Walitia saini watu ambao maisha yao yote walikuwa wamenyimwa kusoma, mbele ya mtu aliyekuwa akiwamiliki jana yake. Mwaka huohuo Tabbs Gross, Mwafrika Mmarekani ambaye naye aliwahi kuwa mtumwa, alifungua kesi mjini Cincinnati akitaka kupewa Tom kwa madai kwamba Bethune alikuwa amekubali kumwachia. Mahakama ilimpa ushindi Bethune. Mnyororo wa chuma ulikuwa umevuliwa, na mahali pake pakawekwa karatasi.

Mwaka 1866 kijana huyo alipelekwa Uingereza, ambako wanamuziki mashuhuri kama Ignaz Moscheles na Charles Hallé walimpima na kuthibitisha kuwa kipaji chake hakikuwa hila ya mazingaombwe. Shahada zao zilichapishwa ili kuuza tiketi zaidi. Mwaka 1870, alipotimiza miaka 21 na hivyo kuwa mtu mzima, ulitafutwa mlango mwingine. Mahakama katika jimbo la Virginia ilitangaza kwamba hana akili timamu, na John, mwana wa Bethune, akafanywa mlezi wake. Hapo ndipo ukatili wa sheria unapodhihirika. Mtu aliyeweza kukumbuka maelfu ya nyimbo alihesabiwa kuwa hana akili za kushika fedha zake, lakini ana akili za kutosha kuzitafuta kila usiku.

John Bethune alifariki katika ajali ya garimoshi mwaka 1884. Mtalaka wake, Eliza, aliingia mahakamani kumgombea Tom, akimtanguliza Charity, mama mzazi aliyekuwa sasa mzee. Mwaka 1887 mahakama iliamua kwamba Bethune amwachie Tom. Matangazo ya maonyesho yaliyofuata yalimwita mtumwa wa mwisho kukombolewa kwa amri ya mahakama, lakini ukombozi huo ulikuwa kutoka mkono mmoja hadi mwingine. Charity, ambaye jina lake lilitumiwa kushindia kesi, alirejea Georgia mikono mitupu. Tom alibaki na Eliza, akiendelea kupiga piano kwa faida ya wengine. Baadaye aliadimika sana machoni pa watu, hata wengi wakaamini kwamba alifia katika mafuriko makubwa ya Johnstown ya mwaka 1889. Kumbe alikuwa hai. Alirudi jukwaani kwa muda mwanzoni mwa karne ya 20, kisha akanyamaza. Alifariki Juni 1908 mjini Hoboken, jimbo la New Jersey, akiwa na umri wa miaka 59, na akazikwa Brooklyn katika kaburi ambalo kwa miaka mingi halikuwa na alama.

Nusu karne ya kazi, mamia ya maelfu ya dola. Wahenga walituambia kuwa mkulima ni mmoja, walaji ni wengi. Lakini katika habari hii hata mkulima mwenyewe hakuachiwa makombo.

Kuna jambo moja katika maisha ya Tom ambalo hunisumbua kupita yote. Jukwaani alizoea kujitaja kana kwamba anamtaja mtu mwingine: alisema Tom atapiga wimbo huu, wala hakusema mimi nitaupiga. Alipomaliza, yeye mwenyewe alipiga makofi pamoja na watazamaji. Watu walicheka, wakidhani ni kioja. Huenda hali aliyozaliwa nayo ndiyo iliyomfanya aseme hivyo. Hata hivyo, mimi kila nikiwaza naona kwamba tangu utotoni alisikia akitajwa na wengine tu, akipangiwa, akisifiwa, akiuzwa. Hakuna aliyemwuliza kama amechoka.

Sasa nimefikia sababu niliyoahidi. Mwaka 1994 nilikuwa mwalimu wa kwaya katika shule moja ya msingi ambayo sitaitaja. Tulikuwa na msichana wa darasa la nane, mwenye sauti ambayo ilimfanya hata mpita njia asimame. Baada ya kufanya vyema katika tamasha, tulianza kupokea mialiko: harambee, arusi, mapokezi ya wageni wa heshima. Nilimtoa darasani mara nyingi kuliko ninavyoweza kukumbuka. Aliimba juani akiwa na kiu huku wakubwa wakinywa soda chini ya hema. Nyakati nyingine tulirejea usiku, naye kesho yake akasinzia katika somo la hisabati na kuadhibiwa. Bahasha zilizotolewa zilipokewa na sisi watu wazima. Kwa fedha hizo tulinunua viti vipya vya chumba cha walimu, na lazima niungame kwamba vilikuwa viti vizuri.

Mwaka uliofuata msichana huyo hakuingia kidato cha kwanza. Alama alizozipata zilitosha kwa shule ya karibu, lakini karo haikupatikana. Mama yake alikuja shuleni kuuliza kama kuna msaada wowote. Tulimpokea kwa adabu, tukamkaribisha aketi. Aliketi juu ya kiti kilichonunuliwa kwa sauti ya mwanawe, nasi tukamwambia kwamba shule haina fedha. Mimi nilikuwapo, na sikufungua kinywa.

Hasha, sisemi kwamba shule yetu ilikuwa shamba la watumwa. Tofauti ni kubwa, na mtu asiyeiona anaudharau mzigo walioubeba watumwa. Nisemalo ni kwamba hoja tulizozitumia zilikuwa zilezile za Bethune: kwamba mtoto anafurahia kuimba, kwamba sisi ndio tuliomwinua, kwamba gharama za kumtunza ni nyingi, kwamba mzazi amekubali. Hoja hizo zilimtosha mwenye watumwa, na zikatutosha na sisi. Laiti ningalikuwa nimezisikia kwa masikio ya msichana yule!

Sheria imepiga hatua tangu siku zile. Katiba yetu ya mwaka 2010, katika kifungu cha 53, inampa kila mtoto haki ya kulindwa dhidi ya dhuluma na dhidi ya kazi za kumnyonya, na inataka maslahi ya mtoto yatangulie katika kila jambo linalomhusu. Sheria ya Watoto ya mwaka 2022 imekuja kuutilia nguvu ulinzi wa haki hizo. Kwingineko, jimbo la California lilitunga sheria mwaka 1939 baada ya kisa cha Jackie Coogan, mwigizaji mtoto wa filamu aliyefika utu uzima na kukuta mapato yake yametumiwa na mama yake na baba yake wa kambo. Sheria hiyo ililenga kuhakikisha kwamba sehemu ya pato la mtoto inahifadhiwa kwa ajili yake. Lakini kisa cha Tom kinatufunza kwamba sheria peke yake haitoshi. Waliomdhulumu hawakuivunja sheria. Walikwenda mahakamani na kurudi na muhuri.

Kwa hivyo nawaomba walimu wenzangu tujiulize maswali machache kabla ya kumpandisha mtoto jukwaani. Amelala vya kutosha? Amekula? Ni somo gani atakalolikosa, na nani atamfidia? Ikiwa kuna bahasha, jina la nani limeandikwa katika daftari la hesabu? Na ikiwa mtoto atasema hataki kuimba leo, je, neno lake lina uzito wowote? Nanyi wanafunzi mnaoimba, mnaoghani na kucheza ngoma, jueni kwamba kuuliza maswali hayo si utovu wa adabu.

Msichana yule sasa ni mtu mzima. Miaka michache iliyopita nilikutana naye sokoni akiuza mboga. Alinisalimu kwa heshima, akaniita mwalimu, na akakataa kupokea chenji niliyomwachia. Nilimwuliza kama bado anaimba. Alitabasamu akaendelea kunifungia sukuma wiki. Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni. Mimi yake sikumpa ilipokuwa mkononi mwangu.