Mbegha: Mwindaji aliyenyimwa urithi akawa Simba Mwene wa Usambara

YAPO majina machache katika historia ya Mkoa wa Tanga yaliyodumu kama la Mbegha, mwindaji wa nguruwe-mwitu aliyepanda milima ya Usambara akiwa mkimbizi na kuzikwa Vuga akiwa mfalme. Tangu kifo chake, miaka zaidi ya 200 iliyopita, ukoo wake wa Wakilindi ulishika utawala wa Washambaa kizazi baada ya kizazi, hadi uchifu ulipofutwa nchini baada ya Uhuru.

Wanahistoria wanaukadiria wakati wake kuwa nusu ya kwanza ya karne ya 18. Habari zake zimefika kwetu kwa njia mbili. Ya kwanza ni masimulizi ya wazee wa Kishambaa, ambayo Steven Feierman, mwanahistoria kutoka Marekani, aliyakusanya vijijini na kuyachambua katika kitabu chake cha mwaka 1974 kuhusu ufalme wa Washambaa. Ya pili ni Habari za Wakilindi, kitabu cha Kiswahili cha Abdallah bin Hemedi bin Ali Ajjemy, aliyewahi kuwa karani wa Semboja, mtawala wa Kikilindi wa Mazinde, na baadaye akawa liwali wa Tanga. Kitabu hicho kilichapwa na wamisionari wa Magila kwa sehemu, kuanzia miaka ya 1890 hadi mwanzoni mwa karne ya 20, na kikatolewa tena mwaka 1962.

Masimulizi hayo hayalingani katika kila jambo. Hata hivyo, yanakubaliana juu ya mambo makubwa ya maisha ya mtu huyo: kwamba alitoka Nguu, kwamba jamaa zake walimkataa, kwamba alikuwa fundi wa kuwinda, na kwamba Washambaa walimpa utawala kwa hiari yao.

Mbegha alizaliwa katika milima ya Nguu, ambayo leo imo katika Wilaya ya Kilindi. Inasimuliwa kuwa meno yake ya juu ndiyo yaliyotangulia kuota. Mtoto wa namna hiyo huitwa kigego, na kwa imani za zamani za makabila mengi ya eneo hilo alihesabiwa kuwa nuksi kwa ukoo mzima. Vigego wengi hawakuachwa waishi. Mbegha alinusurika kwa sababu wazazi wake walimlinda.

Ulinzi huo ulikwisha wazazi walipofariki. Ndugu wa ukoo walipoketi kugawana mali, Mbegha hakupewa fungu. Kila msiba uliotokea nyumbani kwao ulihesabiwa kuwa umeletwa na yeye, na jamaa hawakutaka mtu mwenye nuksi arithi mifugo wala wake wa marehemu, kama ilivyokuwa desturi. Alibaki na mbwa wake, mikuki yake, ujuzi wake wa dawa za kuwindia na vijana wachache waliopenda kufuatana naye porini.

Kwa mali hiyo ndogo aliondoka na kwenda Kilindi, mahali ambapo baadaye palikuja kuupa ukoo wake jina. Huko alipokewa vizuri. Kijana wa mtawala wa mahali hapo akawa rafiki yake mkubwa, na siku moja alitaka kwenda naye kuwinda. Safari hiyo iliharibika. Nguruwe dume aliyejeruhiwa aliwageukia wawindaji, na mtoto wa mtawala akauawa. Mbegha alijua kuwa mgeni aliyemchukua mtoto wa mwenye nchi na kurudi bila yeye hatasikilizwa. Hakurudi. Usiku ule yeye na wenzake walishika njia kuelekea kaskazini mashariki, wakaingia katika milima ya Usambara.

Milima hiyo, ambayo vilele vyake vya magharibi hupita mita 2,000 kutoka usawa wa bahari, wakati ule ilifunikwa na misitu minene kuliko inayoonekana sasa. Washambaa waliishi katika vijiji vilivyojitegemea, kila ukoo chini ya wazee wake. Walikuwa wakulima hodari wa migomba na nafaka, lakini mashamba yao yalipakana na msitu, na nguruwe-mwitu walikuwa adui wao wa kila msimu. Kundi moja likiingia shambani usiku mmoja liliweza kumaliza chakula cha kaya cha miezi kadhaa.

Ndipo wanavijiji wakaanza kuona moshi ukipanda kutoka msituni, mahali ambapo hakuna mtu aliyejenga. Waliofuata moshi huo walimkuta Mbegha na vijana wake wakibanika nyama. Badala ya kupigana, pande mbili zikabadilishana vyakula: wageni walitoa nyama ya nguruwe, wenyeji wakaleta unga na ndizi. Wawindaji walikuwa na nyama tele bila cha kulia, na wakulima walikuwa na chakula cha shamba bila kitoweo.

Feierman aliona katika sehemu hii ufunguo wa kisa kizima. Kwa maelezo yake, Mbegha anaingia katika simulizi akiwa mtu wa porini, anayekula nyama peke yake na kulala mapangoni. Kila anapobadilishana chakula na watu anasogea hatua moja kuelekea kijijini, hadi anapojengewa nyumba na kuozwa mke. Wenyeji nao wanapata ndani ya mipaka yao mtu mwenye nguvu za porini, anayeweza kuzitumia kwa faida yao.

Sifa zake zilitangulia mbele yake kutoka kijiji hadi kijiji, zikafika Bumbuli na kuvuka hadi Vuga. Aliua nguruwe waliokuwa wakiharibu mashamba, aligawa nyama bila ubahili, aliamua ugomvi uliowashinda wazee, na alijulikana kwa uganga. Vijiji mbalimbali vilimpa wake. Kwa wakati ule jambo hilo lilikuwa zaidi ya heshima kwa mgeni. Mtu aliyeoa katika ukoo alikuwa mkwe, na watoto wake walikuwa wapwa wa ukoo huo. Mgeni asiye na ndugu hata mmoja milimani akawa na wajomba wa watoto wake karibu kila upande.

Haja ya kuwa na kiongozi mmoja ilikuwapo pia. Feierman anaeleza kuwa katika kipindi hicho wafugaji wa Kimbugu, wenye lugha na desturi tofauti, walikuwa wameingia Usambara na mifugo yao. Koo zilizozoea kujitawala kila moja peke yake zilijikuta hazina namna ya kukabiliana na mabadiliko hayo kwa pamoja. Watu wa Vuga, wakiongozwa na mzee aliyeitwa Turi, waliamua kumwendea mwindaji huyo na kumwomba akae kwao.

Katika safari hiyo ya kwenda Vuga ndipo lilipotokea tukio lililompa jina la kudumu. Msafara ulilala njiani, na usiku simba alikuja. Mbegha alimuua. Kulipokucha na watu wakaona mnyama aliyelala chini, hawakuhitaji ushahidi mwingine. Walimwita Simba Mwene, na jina hilo likawa cheo cha kila mfalme wa Kikilindi aliyemfuata.

Ngozi ya simba huyo haikutupwa. Simulizi za Wakilindi zinasema ilikaushwa na kutunzwa, na mke wa Mbegha alipojifungua mtoto wa kiume, ngozi hiyo ndiyo iliyotandikwa kitandani. Mtoto huyo, Bughe, akapewa pia jina la Simba. Kwa njia hiyo kumbukumbu ya usiku mmoja wa mwindaji iligeuzwa kuwa alama ya haki ya kutawala: atakayekaa Vuga awe ametoka katika ngozi ya simba aliyeuawa na Mbegha.

Akiwa Vuga, Mbegha aliweka utaratibu uliodumu kuliko yeye. Watoto wake waliozaliwa na wake wa vijiji mbalimbali walilelewa karibu na wajomba zao, na baadaye wakawekwa kuwa watawala wa sehemu hizo. Kila eneo likawa na zumbe ambaye kwa baba ni Mkilindi na kwa mama ni mtoto wa nyumbani. Bughe alipelekwa Bumbuli. Wenyeji walilipa kodi kwa mazao, mifugo na kazi, na mfalme naye alitakiwa kuilinda nchi na kuhakikisha mvua inanyesha.

Hata kifo chake kiliendeshwa kwa hadhari ya mwindaji. Mbegha alipougua na kufariki, wazee wachache tu waliokuwa karibu naye ndio waliojua. Habari ilifichwa wakati wajumbe wakienda Bumbuli kumchukua Bughe, kwa hofu kwamba kiti kikiwa wazi hata kwa siku moja watu wangekigombania. Alizikwa kwa siri, amefungwa katika ngozi ya ng'ombe mweusi. Watu wa Vuga walipotangaziwa kuwa mfalme wao hayupo tena, mfalme mpya alikuwa tayari ameshaingia mjini. Desturi ya kuficha kifo cha mfalme hadi mrithi apatikane iliendelea katika ukoo huo.

Ufalme huo ulifikia upeo wake chini ya Kimweri ye Nyumbai, aliyetawala miongo mingi hadi alipofariki mwaka 1862. Mamlaka yake yalishuka kutoka milimani hadi kukaribia pwani ya Tanga na Pangani. Mmisionari Mjerumani Johann Ludwig Krapf alifika Vuga kumwona mwaka 1848 na tena mwaka 1852, na msafiri Mwingereza Richard Burton alifika mwaka 1857.

Baada ya Kimweri, wajukuu wa mgawa nyama walisahau kilichompa babu yao kiti. Semboja, mtoto wa Kimweri aliyekaa Mazinde kwenye njia ya misafara, alipata bunduki kupitia biashara na kuutumia uwezo huo kupigana na wenzake wa Vuga. Watu walikamatwa na kuuzwa utumwani ili kulipia silaha. Wabondei, waliokuwa chini ya Wakilindi, waliasi mwishoni mwa miaka ya 1860 na kuwafukuza watawala hao katika vita vinavyojulikana kama Kiva. Wajerumani walipoingia walikuta ufalme uliokwisha kupasuka, na mwaka 1895 walimnyonga Mputa, mfalme wa nyumba ya Semboja.

Washambaa walikuwa na maneno yao ya kupima utawala wa aina hiyo. Mfalme mwenye nguvu kuliko wote, asiyeshindana na mtu, aliponya nchi. Mvua ilinyesha na chakula kikapatikana. Nguvu ilipokutana na nguvu, wakubwa wakagombana, nchi iliharibika na njaa ikaingia. Kipimo hicho kilitumika hata wakati wa Waingereza. Katika miaka ya 1940, wakulima walipolazimishwa kulima matuta ya kuzuia mmomonyoko wa udongo, hasira yao iliwaangukia watawala wa Kikilindi waliotekeleza amri hiyo, na mwaka 1947 Shebughe Magogo aliacha kiti. Waliompinga walikuwa wakimdai kile ambacho wahenga wao walikipata kwa Mbegha: chakula na usalama.

Uchifu ulifutwa kisheria mwanzoni mwa miaka ya 1960. Vuga ya leo, iliyo kwenye ukingo wa milima upande wa Soni, ni eneo la wakulima, na msafiri anayepanda kutoka Mombo kwenda Lushoto anaweza kuipita bila kujua kuwa amepita karibu na makao makuu ya ufalme. Misitu iliyomficha Mbegha imepungua sana, na iliyobaki, kama ile ya Magamba, imewekwa chini ya hifadhi ya serikali. Simba hawaonekani tena milimani. Kuwinda kunahitaji kibali chini ya Sheria ya Kuhifadhi Wanyamapori ya mwaka 2009.

Jina lake bado linasikika kwa njia nyingine pia. Katika Kiswahili, mbega ni kima mwenye manyoya marefu meusi na meupe, na mnyama huyo bado anaruka katika miti ya misitu hiyo hiyo ya Usambara.

Kwa wakazi wa mijini ambao asili yao ni Lushoto, Korogwe au Bumbuli, na ambao watoto wao wanamfahamu Simba kwa timu ya mpira tu, kisa cha Mbegha kina somo ambalo wazee hawakulitoa kwa mahubiri. Mtu aliyenyimwa fungu na jamaa zake alipewa nchi na wageni, na walimpa kwa sababu alipokuwa na nyama aligawa. Waliomrithi walipoacha kugawa, cheo cha Simba Mwene hakikuwaokoa.